Mbavu za Kuoka Huanzia Buchani

Anayetaka kuoka nyumbani kipande kizima cha mbavu za ng'ombe, kile cha mgongoni chenye mifupa mitatu au minne na mnofu mnene uliolala juu yake, kwa kawaida huanza kwa kuuliza habari za moto: oveni ya namna gani, nyuzi ngapi, saa ngapi. Maelekezo yanayotoka Uingereza na Marekani nayo huanzia hapohapo, kwa sababu yanachukulia kwamba kazi nyingine zote zimekwisha kufanywa na watu wengine. Yanachukulia kwamba ng'ombe alikuwa kijana aliyenenepeshwa kwa nafaka, kwamba nyama ilining'inizwa kwenye chumba cha baridi kwa wiki moja, mbili au zaidi, na kwamba muuzaji aliikata kwa msumeno akifuata mpangilio wa mifupa. Hapa Mpanda, mkoani Katavi, hakuna hata moja kati ya hayo ambalo mpishi anaweza kulichukulia hivihivi. Ng'ombe amekulia kwenye majani na mabua, pengine amevuta jembe. Amechinjwa usiku au alfajiri, na jua likichomoza nyama yake iko juu ya gogo ikingoja shoka. Ndiyo maana ninashikilia kwamba kwa mpishi wa Katavi ulaini wa mbavu huamuliwa zaidi kabla moto haujawashwa: kwa umri wa ng'ombe, mahali pa kukata na siku za kungoja. Moto una kazi moja tu iliyobaki, nayo ni kutoharibu kilichopatikana.

Tuanze na kipande chenyewe, maana wengi hukosea hapo. Ng'ombe ana jozi 13 za mbavu. Zile za mbele zimefunikwa na bega, na misuli yake hufanya kazi kila mnyama anapopiga hatua. Kadiri unavyorudi nyuma kuelekea kiunoni, mnofu wa pembeni mwa uti wa mgongo unazidi kuwa mmoja, mnene na mlaini, kwa kuwa haubebi uzito wala hausukumi mguu. Mnofu huo ndio watu wa buchani huuita sarara ukishatolewa mfupa. Wamarekani hukata kipande chao cha kuoka kuanzia ubavu wa 6 hadi wa 12, lakini ng'ombe wao hana nundu na ana mafuta mengi yaliyosambaa ndani ya nyama. Kwa ng'ombe wetu ni busara kusogea nyuma zaidi. Ubavu wa mwisho, ulio karibu na kiuno, ndio wa 13. Kutoka hapo hesabu kwenda mbele, uchukue wa 12, wa 11 na wa 10, na ukitaka kipande kikubwa uongeze wa 9. Alama rahisi kwa jicho ni nundu: ukijikuta karibu nayo umekwenda mbele mno, na utapata misuli mingi midogo iliyotenganishwa na utando, ambayo inafaa zaidi mchuzi kuliko kuokwa.

Sasa ng'ombe mwenyewe. Wengi wa ng'ombe wa mkoa huu ni wa asili wenye nundu, na sehemu kubwa iko mikononi mwa wakulima-wafugaji, wakiwamo Wasukuma waliohamia na mifugo yao kufuata malisho na mashamba kusini-magharibi mwa nchi tangu miongo ya mwisho ya karne ya 20. Katika ufugaji huo ng'ombe ni akiba, ni mahari na ni nguvu ya kulimia. Mwenye mali huuza anapobanwa na ada ya shule au matibabu, na mara nyingi huanza na dume aliyechoka jembe au jike lililoacha kuzaa. Nyama ya mnyama wa namna hiyo ina ladha nzito na supu yake haina mfano, ila tando zinazounganisha misuli yake zimekomaa, na moto mkavu wa kuokea hauwezi kuzilainisha. Mnunuzi hana haja ya kumwuliza muuzaji umri, kwa maana jibu litakuwa lilelile kila siku. Aangalie mifupa. Ng'ombe kijana ana vifundo vyeupe vya gegedu kwenye ncha za pingili za mgongo, laini kiasi cha kukatwa kwa kisu, na mfupa uliopasuliwa huonyesha wekundu ndani. Kwa mzee gegedu limegeuka mfupa mgumu, na rangi imekuwa nyeupe au kijivu. Wapimaji wa daraja za nyama nchini Marekani hutumia kipimo hichohicho cha kukomaa kwa gegedu, na hapa hakigharimu chochote zaidi ya kuinama na kutazama.

Msimu nao una neno lake. Katavi hupata mvua kuanzia Novemba hivi hadi Aprili, na ng'ombe hufikia unono wake mwishoni mwa masika, wakiwa wameshakula majani mabichi miezi kadhaa. Kuanzia Septemba hadi mvua za kwanza mbuga zimekauka na mnyama anakula akiba ya mwili wake. Anayepanga karamu ya mbavu za kuoka mwezi Mei au Juni yuko upande wa maumbile. Anayeipanga mwezi Oktoba ajue atahitaji kuchagua kwa makini zaidi. Itazame rangi pia. Nyama nyekundu iliyokolea kidogo ni ya kawaida kwa ng'ombe wa majani, na mafuta ya manjano hayana ubaya, kwani manjano hayo hutoka kwenye majani yenyewe. Kinachofaa kuepukwa ni nyama iliyokuwa karibu nyeusi, kavu juu na yenye kunata kidoleni. Hiyo mara nyingi ni ya mnyama aliyeswagwa mwendo mrefu au kuhangaishwa kabla ya kuchinjwa, akamaliza sukari iliyohifadhiwa kwenye misuli. Nyama yake haipati uchachu mdogo unaotakiwa baada ya kuchinjwa, na huharibika upesi. Kwa kazi ya siku kadhaa inayofuata, nyama ya aina hiyo haifai.

Ukishajua unachotaka, agiza mapema. Nyama ikishafika kwenye gogo asubuhi, desturi ni kuipiga shoka kwa mpango wa kugawana mifupa na minofu sawasawa, na mbavu za mgongoni huishia vipande vya mchanganyiko kabla mnunuzi hajaamka. Mwambie muuzaji jana yake jioni kwamba unataka mbavu tatu za nyuma zikiwa pamoja, hazijapasuliwa, na mnofu wake juu. Kama ana msumeno autumie, na kama hana, apitishe shoka kwenye uti wa mgongo tu na kufupisha ncha za mbavu. Muulize pia muhuri wa mkaguzi. Nyama iliyopita machinjioni kwa utaratibu hukaguliwa na kupigwa muhuri, na biashara yote ya nyama nchini imewekewa taratibu na Sheria ya Tasnia ya Nyama ya mwaka 2006, iliyoanzisha Bodi ya Nyama. Kwa nyama itakayochemshwa saa tatu kuna mtu atakayeona muhuri ni urasimu; kwa nyama itakayookwa taratibu muhuri ni sehemu ya mapishi, kama itakavyoonekana tutakapofika kwenye suala la minyoo. Usishangae muuzaji akidai bei ya juu kuliko ya mchanganyiko. Unamnyima mnofu ambao angeutumia kupendezesha mizani za wateja wengine kumi, na ni haki alipwe.

Baada ya hapo linakuja jambo ambalo jikoni mwetu halijazoeleka kabisa: kungoja. Tumelelewa tukiamini nyama bora ni ile ya leo, na kwa mji usiokuwa na friji imani hiyo ilikuwa kinga ya kweli dhidi ya uharibifu. Lakini mnyama akishachinjwa misuli yake hukakamaa, na kwa ng'ombe hali hiyo hujitokeza ndani ya saa 6 hadi 24. Nyama inayookwa ikiwa katika mkakamao huo huwa ngumu hata kama ni sarara ya ndama. Baadaye vimeng'enya vilivyomo ndani ya nyama yenyewe huanza kukatakata protini zilizoshikilia nyuzinyuzi, na kazi hiyo huendelea siku baada ya siku kwenye baridi. Watafiti wamethibitisha kwamba ng'ombe wa jamii ya wenye nundu wana kiwango kikubwa zaidi cha kizuizi cha vimeng'enya hivyo kuliko ng'ombe wa Ulaya, kwa hiyo nyama yao hulainika polepole zaidi. Mnyama ambaye nyama yake inahitaji kungojwa kuliko zote ndiye ambaye sisi hatumngoji hata siku moja. Sehemu kubwa ya ugumu unaosingiziwa uzao wake inatokana na haraka yetu.

Ngoja siku 3 hadi 5, ndani ya friji yenye baridi isiyozidi nyuzi 4 za Selsiasi, kipande kikiwa juu ya wavu au vijiti ndani ya sinia ili hewa ipite chini. Kiweke rafu ya chini kabisa, damu isidondokee mboga wala chakula kilichoiva. Usikitupe kwenye friza siku ya kwanza, kosa linalofanywa na kaya nyingi zenye friza. Nyama iliyoganda kabla ya kukakamaa hubaki na nguvu yote ya kujikunja, na siku ikiyeyushwa husinyaa kwa ghafla, ikamwaga maji na kuwa kama mpira. Hapa ndipo mifupa inapolipa gharama yake: mnofu ulioshikiliwa na uti wa mgongo hauwezi kujikunja sana, wakati steki iliyotolewa mfupa ikiwa bado na joto la mnyama haina kinachoizuia. Wapo watakaouliza habari za umeme, na wana sababu. Mpanda, makao makuu ya mkoa tangu Katavi ilipomegwa kutoka Rukwa mwaka 2012, iliendeshwa miaka mingi kwa majenereta ya dizeli, na kukatika kwa umeme si habari ngeni. Kanuni ya kufuata ni nyepesi: friji isiyofunguliwa hutunza baridi yake kwa takribani saa 4. Umeme ukizidi hapo bila kurudi, acha kungoja, pika siku hiyohiyo. Siku 2 za baridi ya kweli ni bora kuliko 5 za kubahatisha, na nyama inayonuka uchachu au kuteleza kwa ute haiokolewi na viungo vyovyote.

Kwa nini basi tusitumie papai bichi, ambalo limelainisha mishikaki ya pwani na bara kwa vizazi? Kwa mishikaki ni jibu sahihi, kwa sababu kila kipande ni kidogo na kimeng'enya cha papai hukifikia pande zote. Kwenye kipande chenye unene wa kiganja hakipenyi zaidi ya milimita chache. Nje hugeuka uji, ndani hubaki kulekule. Ndimu na siki hali kadhalika: huchachusha uso na kuupausha, kina hakiguswi. Kitu pekee cha jikoni kinachoingia ndani kwa kiasi cha maana ni chumvi, nayo huingia kwa kupewa muda. Chukua kijiko kimoja cha chakula cha chumvi laini kwa kila kilo mbili za nyama na mfupa, uipake kote siku moja kabla ya kuoka. Chumvi ya Uvinza, jirani zetu wa kaskazini waliokuwa wakichemsha maji ya chemchemi karne nyingi kabla ya reli, inafaa sawa na nyingine yoyote. Kama ni ya mawe, isage kwanza, ama sivyo kipimo cha kijiko kitadanganya. Mwanzoni chumvi huvuta maji, nyama ikaonekana kulowa. Baada ya saa kadhaa maji hayo hurudi ndani yakiwa yamebeba chumvi, na ngozi ya juu hukauka. Ukavu huo ndio unaotakiwa. Uso uliolowa hauwezi kupanda joto zaidi ya maji yanayochemka, na harufu na rangi ya kahawia ya choma huanza kutoka kwa nguvu kwenye nyuzi 140 hivi. Pilipili manga na kitunguu saumu kilichopondwa vinatosha. Anayetaka asali ya misitu ya Mlele aingoje dakika 10 za mwisho, kwani sukari huungua mapema na kuacha uchungu.

Ndipo tufike kwenye moto. Kinachotokea ndani ya nyama hakitegemei jiko, kinategemea joto lililofika katikati. Kwenye nyuzi 50 hivi protini za kwanza huanza kuganda, na nyama huacha utelezi wa ubichi. Kati ya 60 na 65 tando zinazozunguka nyuzinyuzi husinyaa na kuanza kukamua maji. Ikipita 70, kundi jingine la protini hukaza, na mnofu wa sarara hukauka kwa namna isiyorekebishika. Ni kweli kwamba nyama ya shingo au kidari hupita hapo na kulainika tena baada ya saa nyingi, maana tando zake nene hugeuka utomvu. Sarara haina tando za kutosha kufanya hivyo, kwa hiyo kuipika sana ni kuipoteza tu. Moto mkali una kasoro nyingine: unapofikisha katikati nyuzi 60, sentimita mbili za nje zimeshapita 80. Moto mdogo hupunguza tofauti hiyo, ukapata nyama yenye hali moja toka pembeni hadi katikati. Na kwa mnyama asiye na mafuta mengi ya ndani, ambayo kwa ng'ombe wa nafaka huficha makosa ya mpishi, upole wa moto una uzito zaidi kwetu kuliko kwao.

Kwa mwenye oveni, nyuzi 120 hadi 130 zinatosha, mifupa ikiwa chini. Oveni za gesi ambazo hazishuki chini ya 150 zinafaa pia, ila uangalizi uongezwe. Asiye na oveni atumie ile mbinu ya mkaa juu na chini ambayo wapishi wa keki wameizoea. Chukua sufuria kubwa nzito, utandaze mchanga mkavu chini, uweke mawe matatu au wavu, juu yake sinia dogo lenye nyama, ufunike. Makaa machache yaliyokwisha kufunikwa na majivu yawe chini, na mengi kidogo yawe juu ya kifuniko. Ongeza mawili matatu kila yanapofifia. Sikio litakusaidia: mafuta yakisikika yakichachatika kwa sauti, moto umezidi, yakitoa mchirizo wa mbali tu, uko sawa. Habari ya saa za kuoka itazame kwa tahadhari. Maelekezo ya nje hukupa dakika kwa kila kilo, lakini joto husafiri kwa unene, halipimi urefu. Ng'ombe wa asili ana uzito hai ambao mara nyingi ni kati ya kilo 200 na 350, karibu nusu ya wale wa mashamba ya Marekani, na mnofu wake wa mgongoni ni mwembamba. Kipande cha kilo 3 huweza kuwa tayari baada ya saa 2 hadi 3. Anza kupima baada ya saa moja na nusu.

Kupima kwenyewe kunataka kipimajoto cha nyama, kifaa kidogo cha kuchoma ambacho ni afadhali kukiagiza kwa basi kutoka Mwanza au Tabora kuliko kununua oveni mpya. Kichome katikati ya mnofu bila kugusa mfupa. Kabla ya kukiamini, kijaribu kwenye maji yenye barafu nyingi, kisome 0. Usikijaribu kwa maji yanayochemka ukitegemea 100, kwa kuwa Mpanda iko zaidi ya mita 1,000 juu ya usawa wa bahari na maji huchemka karibu na 96. Mwenye kutojua hilo atakitupa kifaa kizima. Anayekosa kipimajoto achomeke chuma chembamba cha mshikaki katikati, ahesabu hadi 30, kisha akigusishe chini ya kifundo cha mkono: kikiwa na uvuguvugu, nyama bado, kikiwa moto wa kumfanya aondoe mkono haraka, imefika. Ni kipimo cha kukisia, na anayekitumia akiegemeze upande wa kuiva zaidi.

Hapo ndipo pingamizi kubwa linaposimama, nalo linastahili jibu la kweli: nyama yenye wekundu ndani si salama, na isitoshe watu wengi hawaipendi. Hofu hiyo haikutoka hewani. Nyama ya ng'ombe inaweza kubeba viluwiluwi vya tegu vilivyojificha ndani ya misuli, na ukaguzi wa machinjioni hupunguza hatari bila kuimaliza. Lakini viluwiluwi hivyo hufa nyama inapofika nyuzi 60 kwa ndani, na pia hufa nyama ikigandishwa kwenye nyuzi 10 chini ya sifuri kwa siku 10. Kwa hiyo ushauri wangu haufanani na wa vitabu vya kigeni vinavyosema 52 au 54. Toa nyama motoni ikiwa 60, iache ipande yenyewe hadi 63 au zaidi wakati wa kupumzika. Itakuwa na waridi hafifu, yenye maji, na imevuka mpaka wa tegu. Kwa watoto wadogo, wajawazito, wazee na wagonjwa, na kwa wageni wasiotaka kuona rangi hata kidogo, itoe ikiwa 67 ili ifike 70 na kidogo. Ikiwa umengoja siku zako na umeoka kwa moto mdogo, hata hapo italika kwa raha ukiikata nyembamba. Anayetaka zaidi ya hapo asibishane na sarara, anunue kidari, akichemshe taratibu kwa bei ndogo, na atakula vizuri kuliko aliyekausha mbavu.

Pingamizi la pili ni la mfuko: kwa fedha hiyo si unapata mchuzi wa familia siku tatu? Kama lengo ni kulisha watu wengi kwa nyama kidogo, mchuzi unashinda na hakuna haja ya kujidanganya. Mbavu za kuoka ni chakula cha siku maalumu, na kila siku maalumu tayari watu hutumia fedha kwenye nyama: kwenye kipaimara, Idi, Krismasi au kumpokea mgeni kutoka mbali. Ulinganisho wa haki ni kati ya kipande hiki na nyama choma ya kilo zilezile, na hapo hesabu inabadilika. Choma ya vipande hupoteza mafuta na maji yake kwenye makaa. Kipande kizima hutunza vyote ndani ya sinia. Mchirizi huo, ukichanganywa na maji ya moto na kitunguu kilichokaangwa, ni mchuzi wa kumwagia wali wa Mpimbwe. Mifupa mitatu yenye mabaki ya nyama ni supu ya asubuhi na chapati. Kilo 3 zenye mfupa zitawatosha watu 7 au 8 wakila pamoja na wali na mboga za majani. Mkaa nao si mwingi kama unavyodhaniwa, maana moto mdogo uliofunikwa hula makaa machache kuliko jiko la choma lililo wazi.

Nyama ikifika kipimo chake, itoe, ifunike kwa karatasi ya aluminiamu au sufuria iliyopinduliwa, uiache dakika 20 hadi 30. Joto la nje huingia ndani, na maji yaliyotikiswa hutulia; ukikata mapema yatabaki kwenye ubao. Ndipo uiunguze uso kwa muda mfupi, dakika moja kila upande, kwenye karai lenye mafuta ya moto sana au juu ya makaa mekundu, ili ipate ukoko wa kahawia. Kazi hiyo ikiwekwa mwisho badala ya mwanzo uso umeshakauka na ukoko hutoka haraka bila kupika ndani zaidi. Pitisha kisu kikali kati ya mifupa na mnofu, utenge mifupa, kisha kata mnofu kwa kukatiza nyuzinyuzi, vipande vyembamba visivyozidi nusu sentimita. Vipande vinene vya kimagharibi vinafaa nyama iliyojaa mafuta. Kwa ng'ombe wetu kisu ni hatua ya mwisho ya kulainisha, na kila milimita unayopunguza meno yanashukuru. Kinachobaki kiingie kwenye friji ndani ya saa 2, na mwezi wa joto kali ndani ya saa moja.

Mwenye uwezo wa kufanya jambo moja tu kati ya haya, aanze na kuagiza mapema. Anayeweza mawili aongeze siku za friji. Matatu, anunue kipimajoto. Oveni ije mwisho wa orodha, maana sufuria na makaa vinaifanya kazi yake, ilhali hakuna oveni iliyowahi kufanya kazi ya siku tatu za baridi. Mpangilio huo una faida inayozidi meza ya mtu mmoja. Muuza bucha hukata anavyokata kwa sababu wateja wote huomba kitu kimoja. Wakipatikana kumi wanaoagiza mbavu nzima za mnyama kijana na kulipa bei yake, atakuwa na sababu ya kununua msumeno, kutundika nyama kwenye baridi, na kumlipa zaidi mfugaji anayeleta ng'ombe kabla hajazeekea jembeni.